Nakili, usihamishe: kisa cha diski mbili za Kibara

Nimekuwa kimya kwa wiki kadhaa. Wanaonifahamu wanajua sababu: nilikuwa nyumbani, Kibara. Ukitoka Bunda mjini unashika barabara ya Kisorya, kule kwenye kivuko cha kwenda Ukerewe, na kabla hujafika majini ndipo unaikuta Kibara yetu, na harufu ya dagaa wanaoanikwa inakupokea kabla ya ndugu zako.

Safari ilikuwa nusu likizo, nusu kazi. Nilikuwa naandaa makala ya gazeti kuhusu Operesheni Vijiji. Msomaji anayekumbuka historia yake anajua kwamba Novemba 1973 Mwalimu Nyerere alitangaza kuwa kuishi vijijini sasa ni amri, si hiari tena, na mkoani kwetu Mara, mkoa wake mwenyewe, operesheni ikafanyika mwaka 1974. Vitabu vya wasomi kuhusu jambo hili ni vingi. Nilichotaka mimi ni sauti ya mtu aliyebebwa na lori.

Na sauti hiyo tulikuwa nayo. Babu yangu alifariki nikiwa bado natambaa mitaani na kaptula, lakini mwaka 2004 baba mdogo, ambaye alikuwa mwalimu wa sekondari, alimkalisha chini ya mwembe na redio ya kaseti akamrekodi akisimulia maisha yake kwa Kijita. Kanda tano. Baadaye baba mdogo akanunua kompyuta ya mtumba kutoka Mwanza, akaunganisha redio na kompyuta kwa waya, akazicheza kanda zote huku mashine inarekodi. Akapata mafaili matano, akayaita Mzee1 mpaka Mzee5. La tano ndilo la 1974.

Kwa hiyo nilifika, nikasalimia, nikala, nikaomba kompyuta. Ile ile! Sanduku la rangi ya maziwa yaliyochacha tunaloliita sipiyu, na monita yenye kichogo. Ikawaka, ikanguruma kama mashine ya kusaga, baada ya dakika kama nne ikafunguka. Nikaingia kwenye folda ya Mzee. Mzee1, Mzee2, Mzee3.

Basi. Hakuna la nne, hakuna la tano.

"Na zile kanda, baba mdogo?"

Akanyamaza kidogo. "Kanda zilirekodiwa kwaya juu yake. Si tulikuwa tumeshazihamishia kwenye kompyuta?"

Neno hilo, "tumeshazihamishia", ndilo lililonifanya niandike haya.

Neno *nakili* tumelitoa kwenye Kiarabu, na huko kitenzi chake, naqala, kinabeba maana mbili kwa pamoja: kukitoa kitu hapa ukakipeleka pale, na pia kuandika upya maneno yaliyoandikwa kwingine. Mwarabu wa leo akisema naql anaweza kuwa anazungumzia malori ya mizigo. Sisi Waswahili tulichukua maana ya pili tu, ile ya kwanza tukaiachia kuhama na kuhamisha. Nadhani tulifanya jambo la maana sana bila kujua. Tulitenganisha vitu viwili ambavyo kompyuta nayo inavitenganisha, na ambavyo binadamu wengi mbele ya kompyuta hawavitenganishi.

Ndani ya diski moja, ukilihamisha faili kutoka folda hii kwenda ile, hakuna kinachohama. Faili limebaki pale pale lilipokuwa kwenye bamba la diski. Kilichobadilika ni anwani yake tu kwenye orodha. Ndiyo maana sinema ya megabaiti 700 "inahama" kwa kufumba na kufumbua. Lakini ukilihamisha kutoka diski moja kwenda nyingine, mashine haina uchawi. Inalinakili kwanza, herufi kwa herufi, halafu ikishamaliza inakwenda kulifuta kule lilikotoka. Kwa maneno mengine, baina ya diski mbili kuhamisha hakupo kabisa. Kuna kunakili, halafu kuna kufuta.

(Kwa wapenzi wa lugha: zamani wapo waliotaka tuiite kompyuta ngamizi, wengine tarakilishi. Mwaka 2004 vijana na walimu wa mradi wa Kilinux pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi kwa Kiswahili kitupu. Tarakilishi huku kwetu haikuvuka kizingiti cha darasa. Lakini nakili lilikaa kwenye menyu bila kubishiwa, kwa sababu lilikuwa letu tayari.)

Sasa, jinsi diski ngumu mbili zilivyofika kwenye nyumba ya mwalimu Kibara ni hadithi ndefu kuliko inavyoonekana. Diski ngumu ya kwanza kuuzwa duniani ilitoka IBM mwaka 1956. Ilikuwa na mabamba 50, kila moja na upana wa kama sentimita 60, mashine nzima ina uzito unaokaribia tani, na ndani yake ziliingia herufi milioni tano. Picha moja unayopiga leo kwa simu ya kawaida inaweza isienee humo. Ilipofika 1983 IBM waliweka diski ya megabaiti 10 kwenye kompyuta ya mezani, na tangu hapo mtu binafsi akaweza kuwa na ghala lake nyumbani. Huko kwao, lakini. Sisi wakati huo tulikuwa kwenye marufuku.

Ndiyo, marufuku. Kompyuta ya kwanza ya serikali yetu, aina ya ICT 1500, ilifungwa Wizara ya Fedha mwaka 1965. Hesabu za serikali zikaanza kuhamishiwa humo, na zoezi likaenda kombo vibaya, hesabu zikavurugika. Mwaka 1974 serikali ikapiga marufuku kuingiza nchini kompyuta na televisheni. Watu hupenda kucheka wakisikia habari hii, eti Ujamaa uliogopa mashine. Mimi sicheki sana. Nchi ilikuwa haina fedha za kigeni na mashine zilizokuwepo zilikuwa zimeshatia hasara. Ninachokiona zaidi ni mwaka wenyewe. Mwaka ule ule ambao babu alikuwa anahamishwa pamoja na mlango wa nyumba yake, Dar es Salaam kulikuwa na watu wameshajifunza, kwa gharama kubwa, kwamba ukihamisha kila kitu kwa mkupuo bila kuacha cha zamani kikiendelea kufanya kazi, siku mambo yakikwama huna pa kurudi.

Marufuku ililegea polepole miaka ya 1980, na katikati ya miaka ya 1990 intaneti ikaanza kuuzwa Dar. Ilipoingia miaka ya 2000 zikaanza kumiminika kompyuta za mitumba kutoka Ulaya na Ghuba, zile ambazo ofisi za watu zilikuwa zinazitupa. Hapo ndipo mwalimu wa Kibara alipoipata ya kwake. Pentium, Windows XP, diski ya gigabaiti 40.

Kwa msomaji mdogo ambaye alizaliwa akakuta flashi na simu janja, hebu nieleze maana ya kunakili diski nzima siku hizo. Njia ya floppy ilikuwa kichekesho: kimoja kinabeba megabaiti 1.44, wimbo mmoja wa MP3 unataka vitatu, na diski ya gigabaiti 40 ingetaka zaidi ya 27,000. Njia ya CD ilitaka mashine yenye uwezo wa kuchoma CD, na kila CD megabaiti 700. Njia ya USB ilikuwepo, lakini kompyuta nyingi za mtumba zilikuwa na USB ya kizazi cha kwanza, iliyokuwa inasukuma kama megabaiti moja kwa sekunde. Piga hesabu mwenyewe: saa kumi na moja kwa gigabaiti 40, kama umeme utakuwepo saa kumi na moja. Na mwaka 2006 mabwawa yalikauka, nchi nzima ikaingia kwenye mgao. Saa kumi na moja mfululizo zilikuwa ndoto hata kwa watu wa Dar, sembuse Kibara.

Kwa hiyo waliojua walifungua sanduku. Unazima mashine, unatoa skrubu, unaivua ile bati ya ubavuni. Ndani kuna utepe mpana wa waya wa kijivu, wenye vichwa vitatu: kimoja kwenye bodi, viwili kwa ajili ya diski. Ukiweka diski mbili kwenye utepe mmoja lazima ziambizane nani mkubwa. Nyuma ya kila diski kuna vipini vidogo na kidude cha plastiki kama punje ya mchele, mafundi wanakiita jampa. Ukikiweka hapa diski inakuwa masta, ukikiweka pale inakuwa slevu. Ukizifanya zote masta, mashine inagoma kuwaka na wewe unaanza kutokwa jasho ukidhani umeiua. Ukifanikiwa, diski ya pili inatokea kwenye skrini na herufi yake, D au E, na sasa unaweza kuburuta folda kutoka hapa kwenda pale kwa kasi ya kueleweka. Kazi ya siku nzima inaisha jioni moja.

Mambo haya hayakuandikwa kwenye kitabu chochote kilichofika kwetu. Yalipita mdomo kwa mdomo. Fundi mmoja wa Bunda alimwonyesha baba mdogo, naye akawaonyesha wengine, mpaka jirani mwenye duka la stationery akawa anakuja na diski yake mkononi imefungwa kwenye kanga, kama mtu aliyebeba mayai. Vijana wa kibanda umiza nao walikuja na diski za sinema zenye sauti ya Lufufu. Wakati huo huo pale senta kazi ya "kuingiza nyimbo" kwenye simu ilikuwa imeshaanza.

Hapa niseme ukweli wote, maana najua wasanii wanasoma. Kunakili huku huku ninakokusifu kuliwanyima watu chakula. Sheria ya hakimiliki tunayo tangu 1999, na COSOTA ipo, lakini vituo vile vya kuingiza nyimbo havikumpelekea mwanamuziki hata shilingi. Sina jibu la kuridhisha kila upande. Najua tu kwamba kuna nyimbo za bendi zetu ambazo leo zinasikika kwa sababu mtu fulani alizidaka redioni kwa kaseti, kinyume cha sheria au la.

Redio Tanzania Dar es Salaam kwa miaka mingi ndiyo iliyokuwa studio ya taifa. NUTA Jazz, Morogoro Jazz ya Mbaraka Mwinshehe, Mlimani Park, wote walipita mbele ya maikrofoni zake, na kazi zao zikawekwa kwenye tepu kubwa za magurudumu. Tepu ni utepe wa plastiki uliopakwa unga wa chuma. Joto na unyevu wa pwani haviutaki mema. Watu wa nyumbani nao walikuwa wanarekodi hewani kwa redio kaseti, kidole kwenye kitufe, wakiomba mtangazaji asiongee juu ya wimbo. Ndugu akizitaka anarekodiwa kanda nyingine kutoka kwenye ile. Na hapo kulikuwa na kodi: kila kizazi cha nakala kilikuwa kibaya kuliko mzazi wake. Kanda ya tatu ilivuma kama mvua juu ya bati.

Tusidhani wakubwa wa dunia walikuwa na akili zaidi. BBC, miaka ya 1960 na 1970, walifuta tepu zao wenyewe ili wazitumie tena. Tamthilia yao maarufu ya Doctor Who ilipoteza hivyo vipindi zaidi ya 90. Lakini sauti za vipindi vyote hivyo zipo, kwa sababu kulikuwa na watoto na vijana nyumbani waliokuwa wanaweka kinasa sauti mbele ya televisheni. Na mwaka 2013 ikatangazwa kwamba vipindi tisa vya picha vimepatikana kwenye kituo cha televisheni Jos, Nigeria. Vilikuwa nakala zilizouzwa Afrika, zikakaa kwenye rafu. London walifuta, Jos walisahau kufuta.

Na kabla ya tepu kulikuwa na kalamu. Lamu aliishi Muhammad Kijuma, fundi wa kuchonga na wa mwandiko, aliyefariki mwaka 1945, ambaye kwa miongo alinakili tenzi kwa hati za Kiarabu kwa ajili ya wasomi wa Kizungu waliomwomba. Nyingi ziko SOAS, London, nyingine Ujerumani. Mtu anaweza kulalamika, na mimi nalalamika, kwamba tenzi zetu tumelazimika kuzifuata ughaibuni. Lakini miswada ya zamani iliyobaki kwenye nyumba za pwani ilipambana na mchwa na chumvi ya hewa, na mara nyingi mchwa alishinda. Mnakili naye alikuwa na makosa yake. Anaruka mstari, anabadilisha neno asilolipenda. Nakala ya mkono ni mtoto wa mswada, amefanana na mzazi lakini si yeye.

Mfano ninaoupenda kuliko yote uko ng'ambo tu ya maji kutoka kwetu. Ukifika Kisorya, ukapanda kivuko, unashukia Rugezi, upo Ukerewe, nyumbani kwa Aniceti Kitereza. Alizaliwa 1896. Alimaliza kuandika riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945, hadithi ya mume na mke wanaotafuta mtoto, na ndani yake akaweka maisha yote ya Wakerewe wa kale: kulima, kuvua, kutibu, kuoa, kuzika. Nani angechapa kitabu kinene kwa lugha ya kisiwa? Hakuna. Mswada ukakaa. Uzeeni mwake akaukalia tena, akautafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, na Tanzania Publishing House wakautoa mwaka 1980 kwa jina la Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka na Ntulanalwo na Bulihwali, juzuu mbili. Kitereza akafariki 1981, kabla nakala hazijamfikia.

Watu wengi hukomea hapo, kwenye huzuni. Mimi naomba uangalie jambo dogo linalofuata. Kilipotoka kitabu cha Kiswahili, mswada wa Kikerewe haukutupwa. Ungeweza kutupwa, maana si kazi imeshahamia kwenye Kiswahili? Lakini ulibaki, na Gabriel Ruhumbika, mwandishi na Mkerewe mwenzake, akaweza kurudi kwenye Kikerewe chenyewe na kukitafsiri kwa Kiingereza, kitabu kikatoka 2002. Kama kingebaki Kiswahili peke yake, Ruhumbika angekuwa anatafsiri tafsiri.

Nirudi Kibara. Baada ya chakula cha jioni baba mdogo alinisimulia yaliyotokea, na nilimsaidia kuyapanga kwa sababu mengine nayaelewa leo kuliko yeye alivyoyaelewa wakati ule.

Mwaka 2008 diski yake ya gigabaiti 40 ilianza kugonga. Tik. Tik. Tik. Ndani ya diski kuna mabamba yanayozunguka mara 120 kwa sekunde, na kichwa cha kusomea kinaelea juu yake kwa mwanya mwembamba kuliko vumbi la barabara yetu. Kichwa kikitafuta njia yake kikaikosa, kinarudi kilikoanzia kujipanga upya. Huko kurudi ndiko kunakogonga. Ukisikia mlio huo, nakushauri uache hata chai uliyokuwa unakunywa.

Akanunua diski ya pili, akafungua sanduku, akaweka jampa, akachagua folda zote, akabonyeza nakili. Usiku. Akaenda kulala. Asubuhi alikuta mashine imezimika, umeme ulikuwa umekatika na kurudi. Akaiwasha, akaangalia diski mpya: folda ya mitihani ipo, ya picha za harusi ipo, ya Mzee ipo. Akaridhika. Diski ya zamani akaing'oa.

Kilichotokea usiku ule ni hiki, na ni kitu ambacho kimewaliza wengi. Windows XP ilikuwa na tabia moja ya ajabu. Ukinakili mafaili elfu moja, moja likagoma kusomeka, ilisimamisha msafara wote. Haikuliruka lile moja ikaendelea. Ilitoa kidirisha cha kusema data ina hitilafu, na mwisho wa habari. Iliyokuja na kitufe cha kuruka ni Vista, mwaka 2007, ambayo huku kwetu ilichelewa sana. Walioijua ile amri ya zamani ya DOS, xcopy, waliongeza /c mwishoni na ikaendelea hata ikikutana na kosa. Mwalimu wa historia na Kiswahili angeijulia wapi?

Tena mashine hutengeneza folda kwanza, ndipo inaanza kujaza. Folda ya Mzee ilitengenezwa, likaingia la kwanza, la pili, la tatu. La nne lilikuwa mahali palipougua kwenye bamba. Mashine ikajaribu, ikashindwa, ikakifuta kile kipande ilichokuwa imeshakiandika, ikasimama na kidirisha chake gizani mpaka umeme ulipokatika na kuondoka na ushahidi. Asubuhi palikuwa na folda yenye jina sahihi na yenye vitu ndani. Nani angehesabu?

Hapa ndipo faili linapotofautiana na kaseti na mswada. Nakala ya faili si mtoto, ni pacha. Ukinakili mara mia, ya mia ni sawasawa na ya kwanza, hakuna mvumo, hakuna mstari ulioongezwa. Lakini pacha huyu ama yupo au hayupo. Kaseti iliyochakaa bado ingetuambia kitu, kwa mkwaruzo. Kilichotupoteza ni kwamba tulikuwa na kaseti, tukarekodi kwaya juu yake.

"Na ile diski ya kwanza uliitupa?" nikauliza, nikiwa nimeshakata tamaa.

Akainuka, akaingia chumbani, akatoka na boksi la viatu. Ilikuwa humo, imefungwa kwenye fulana, chini ya stakabadhi za michango ya harusi. Karibu miaka kumi na saba! Nilitamani kumkumbatia.

Niliibeba mpaka Mwanza nikiwa nimeipakata. Fundi niliyempelekea, binti wa rika langu, aliniambia jambo la kwanza la busara: hakuiwasha kwa Windows. Alitumia ddrescue, programu ya bure iliyoanza mwaka 2004. Kazi yake ni kunyonya kwanza sehemu zote nzima za diski bila kung'ang'ania palipoharibika, kisha kurudi kwenye majeraha taratibu, kipande kwa kipande. Na inaweka daftari la ilipofikia. Umeme ukikatika, ikiwashwa inaendelea pale pale. Yeyote aliyeibuni ni kama aliwahi kuishi mkoani.

Ilichukua usiku nne. Mzee4 limetoka zima. Babu anasimulia maji ya ziwa yalivyopanda baada ya mvua kubwa za 1961, mashamba ya ufukweni yakazama, na watu wakavulia samaki walikokuwa wanalima mihogo.

Mzee5 limetoka na mashimo. Kwa kuwa lilikuwa sauti ghafi isiyobanwa, penye shimo pana kimya tu, halafu mzee anaendelea. Anasema walikuja na lori asubuhi, walikuwa hawajamaliza kuvuna pamba. Kimya. Anataja jina la jirani. Kimya kirefu. Halafu sauti yake inarudi katikati ya sentensi: "…mlango ndio tuliubeba." Anacheka. Anakohoa. Kimya tena.

Nimelisikiliza zaidi ya mara ishirini, na nimeandika kila neno kwenye daftari kwa Kijita na Kiswahili. Mafaili yote matano sasa yapo kwenye diski yangu, kwa shangazi Nansio, na kwa binamu mmoja Dodoma.

Jana nilimpigia baba mdogo kumweleza kazi imekwisha. Nikamwamkia, akaitika, akasikiliza mpaka mwisho.

"Na ile diski ya zamani, mwanangu? Umeifuta?"

"Hapana, baba mdogo. Ipo mezani."

"Irudishe Kibara. Boksi lake bado lipo."